Lita ya Ishirini na Moja

Saa arobaini na moja za Kunduchi Mtongani
nimezifungia kwenye diski isiyozidi kiganja,
hapa Sinza, chumba cha nyuma ya saluni,
feni inazunguka kwa kusuasua,
na ng'ambo ya ukuta dada anasukwa,
analalamika kichwa kinamvuta.

Kazi yangu ni mkasi.
Erasto anapiga picha, mimi nakata.

Kwanza ilikuja nyundo.
Ko. Ko. Ko.
Jiwe kubwa kwa wanaume wa shimoni,
jiwe dogo kwa Sikudhani,
kokoto kwa maghorofa ya watu
tusiowajua hata jina la mbwa wao.
Vumbi limemkaa kwenye kope kama unga kwenye ungo.
Vidole kavifunga kwa mpira wa tairi.

Mfadhili kaandika barua fupi:
mwanga mzuri, sauti safi,
ila huyu mama mbona anacheka?
Tafuteni mahali analia.

Nikatafuta.
Nilimkuta anakohoa.
Nilimkuta anamtukana Erasto
kwa kumkanyagia rundo la asubuhi.
Nilimkuta anamfundisha mwanawe hesabu kwa kokoto,
tatu mara nne, panga, nimesema panga!
Kulia, hakulia.
Siku alipofika kwenye habari ya mumewe na kifusi
aliomba kamera izimwe,
Erasto akaizima.
Pale kwenye diski pana sekunde mbili za giza.
Sikuzikata.

Kisha ndoo.
Ndoo ya bluu ya dalali Mhina, imevimba kiuno.
Ilipashwa moto ikavutwa, wanawake wanasema,
miaka wanasema, tunapunjwa,
na neno la mponda kokoto
ni kokoto nyingine tu juu ya rundo.
Sikudhani akamwambia Erasto,
"Weka jicho lako hapa. Usilitoe."
Akachukua chupa ya lita moja, akamimina.
Moja.
Akaijaza tena, akamimina.
Mbili.
Dakika sita, hakuna muziki, hakuna msimulizi,
kivuli cha mtu kinapita,
mbuzi anakuja kunusa, anafukuzwa,
anarudi.
Ishirini. Na ndoo haijajaa.

Mfadhili: dakika sita ni ndefu, watu watasinzia.
Nikaweka mkasi chini,
nikaenda kununua mihogo.

Tulionyesha Jumamosi, kwenye shuka jeupe,
ukuta wa mashine ya kusaga.
Jenereta ilikataa mara mbili.
Watoto walipachika masikio ya sungura
juu ya kichwa cha mwenyekiti wa mtaa.
Ilipofika ndoo, hakuna aliyewaambia wahesabu.
Kumi na nane, walisema.
Kumi na tisa.
Ishirini, vigelegele, kana kwamba ni harusi.
Ishirini na moja,
kimya.
Kile kimya sina namna ya kukipachika popote.
Ishirini na mbili, Mhina aliinuka,
akasema ana simu ya kupokea.
Simu haikuwa imeita.
Walihesabu mgongo wake
mpaka ishirini na sita.

Jumatatu malori yalikuta ndoo nyingine machimboni,
nyeupe, mstari umechorwa kwa rangi ya kucha.
Mawili yaligeuza matupu.
La tatu likapima.
Bei ni ileile. Kikohozi ni kilekile.

Jioni nikapigiwa simu.
"Wewe ndiye mkataji?"
Ndiye.
"Erasto kakaa kwangu siku kumi na tisa, anajaza.
Juzi nimejitazama ukutani,
nikatoka dakika ishirini na sita.
Sasa nakuuliza, mwanangu, si kwa ubaya:
mimi niliyebaki
nipo kwenye ndoo ya nani?"

Alicheka, akakata.

Ng'ambo ya ukuta dada keshasukwa, keshaondoka.
Diski ipo mezani.
Nimeinyanyua.
Kwa saa arobaini na moja,
ni nyepesi mno.